Tangazo la Mke wa Fundi

Nilipoajiriwa kwenye jarida lile la mtandaoni, ukurasa wa habari haukuwapo kabisa. Lilikuwa jarida la mambo ya mjini: mishono, mapishi, majumba ya zamani yaliyokuwa yakibomolewa moja baada ya jingine, mahojiano marefu na watu wa kazi ndogondogo. Tulitoa toleo jipya mara moja kwa mwezi, na wasomaji wetu wengi, kusema kweli, walikuwa jamaa zetu na jamaa za bosi.

Ofisi ilikuwa Mchafukoge, ghorofa ya pili, juu ya duka la vitambaa la baba yake bosi. Ukoo wao ni Waarabu wa siku nyingi hapa mjini, na baba yake alizoea kusema kwamba wanaume wa nyumba yao huzaliwa na futi kamba shingoni. Bosi peke yake ndiye aliyelikataa duka. Akapewa vyumba viwili vya juu vilivyokuwa stoo ya majora, akaambiwa akacheze na kompyuta zake mpaka akili imrudie. Tulikuwa watu watatu: yeye, mpiga picha aliyekuja siku anazotaka, na mimi, msichana niliyetoka chuo na cheti kipya na viatu vya kuazima.

Ukurasa wa habari ulizaliwa siku bomba la maji lilipopasuka mbele ya jengo letu. Mtaa mzima ukawa bwawa, mikokoteni ya kwenda Kariakoo ikakwama, watu wakavuka wamebebana migongoni. Bosi alisimama dirishani akicheka, kisha akaniambia, "Andika mistari mitano. Waambie watu wapite mtaa wa nyuma." Niliandika, tukaiweka chini kabisa ya tovuti, chini ya makala ya mishono. Jioni tukakuta mistari ile mitano imesomwa na watu wengi kuliko toleo zima la mwezi ule.

Tangu hapo nikawa naandika kila siku. Umeme utakatika wapi, barabara gani imefungwa, moto umetokea duka gani. Halafu watu wakaanza kupanda ngazi wenyewe. Mmoja kapoteza vyeti vyake vya shule sokoni. Mwingine kaokota begi lenye nguo za mtoto mchanga. Mama mmoja muuza dagaa alikuja na mtoto wa miaka minne aliyemkuta analia katikati ya magunia ya vitunguu, nikampiga picha, nikaandika, na kabla mtoto hajamaliza andazi mama yake akawa ameshafika, kanga imemdondoka, hawezi kuongea. Mtaani wakawa wanaelekezana: "Panda pale juu kwa wale wa habari." Bosi alikuwa na sheria moja tu, na aliishika kama sala: usiandike kitu hujaenda kukiona, au hujampigia mtu aliyekiona. Nilikuwa nazunguka na kidaftari mpaka soli zinaisha. Sikumbuki wakati mwingine wowote ambao kazi ilinipa furaha kama ile.

Fundi alikuwa chini, barazani, upande wa kushoto wa mlango wa ngazi. Mzee wa Lindi, cherehani yake ya miguu, kazi yake kushona sare za shule na kupunguza suruali za watu. Kila asubuhi nilikuwa namwamkia.

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba, mwanangu. Umeamkaje?"

Pembeni yake, kwenye kistuli, alikuwa anakaa mke wake. Mwanzoni nilidhani anamsaidia kazi. Baadaye ndipo nilipojua kwamba yule mama alikuwa na ugonjwa wa kusahau. Nyumbani kwao Ilala hakukuwa na mtu wa kubaki naye, watoto wao wote wako Lindi na maisha yao, kwa hiyo kila siku fundi alikuwa anatembea naye mpaka kazini, amemshika mkono. Alikuwa anampa kopo la vifungo, naye anavichambua rangi kwa rangi juu ya sinia: vyeupe huku, vyeusi huku, vya bluu huku. Jioni, mama akiwa hamtazami, fundi anavimimina vyote kwenye kopo na kuvikoroga, ili kesho awe na kazi. Siku moja aliniona namwangalia akifanya hivyo. Akaweka kidole mdomoni, akatabasamu.

Mama alipotea siku ya Jumanne kabla ya adhuhuri. Mteja alikuja kupimwa suruali. Fundi akapiga goti, akachukua urefu wa mguu, akauandika kwa chaki ukutani, alipogeuka kistuli kilikuwa kitupu. Alidhani ameingia dukani. Akaenda dukani, hayupo. Akaenda kwa muuza kahawa wa kona, hayupo. Akazunguka Kariakoo yote mpaka jua linazama, akimuuliza kila mtu aliyekaa na biashara chini. Ukiwa na umri wa yule mama na umevaa kanga kichwani, Kariakoo unafanana na wanawake elfu.

Asubuhi yake alipanda ngazi zetu kwa mara ya kwanza. Alivua ndala mlangoni ingawa nilimwambia aingie nazo. Alikuwa ameshatoa taarifa polisi, na serikali ya mtaa, na wodini kwenye hospitali mbili. Mkononi alikuwa na picha ya harusi ya binti yao, mama amekaa mbele, amepakwa wanja, anaangalia pembeni.

Nikaanza kuandika huku nasoma kwa sauti. "Mwanamke mwenye matatizo ya akili ametoweka..."

"Hapana," alisema fundi. "Hana matatizo ya akili."

"Watu wakijua, mzee, watamsaidia zaidi."

"Andika anasahau. Kusahau ni kusahau. Hata mimi nasahau."

Nikafuta. Nikaandika: "Mama huyu anasahau. Ukimwita kwa upole ataitikia." Akatikisa kichwa kukubali.

"Alivaa nini?"

"Gauni la kijani. Na kanga."

"Kanga gani? Imeandikwaje?"

Aliitazama ile picha. "Sikuisoma," alisema. Kisha akasema tena, kwa sauti ya mtu aliyeshikwa na kosa, "Miaka yote nakaa naye, mwanangu, na sijui kanga yake imeandikwaje."

Mchana alirudi akihema. Amekwenda Ilala kwa miguu na kurudi, na mkononi ana kipande cha pili cha ile doti, kilichokuwa kimebaki kitandani. Alikikunjua juu ya meza yangu. Kimeandikwa Wema hauozi. Nikayaongeza maneno hayo kwenye tangazo, na namba ya simu nikaweka yangu, kwa sababu simu yake ya kitochi ilikuwa inazima yenyewe kila baada ya muda.

Watu walipiga. Jamani, watu walipiga simu! Wengine wamemwona Buguruni, wengine Mbagala, mmoja aliapa amepanda naye basi la Morogoro. Kila simu ilipokuja nilikuwa nashuka ngazi mbio, fundi anaifunika cherehani kwa shuka, tunaondoka. Safari ninayoikumbuka kuliko zote ni ya Feri. Muuza samaki mmoja alipiga akasema kuna mama amekuja siku tatu mfululizo kukaa kwa wakaanga samaki, hasemi anakotoka, wanampa vichwa vya samaki anakula.

Tulimkuta ametupa mgongo, amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, moshi wa mafuta umemzunguka. Kimo kile kile, mabega yale yale. Fundi alianza kwenda haraka, kisha akakimbia, mzee yule, akipita kwenye maji ya samaki. Alimwita kwa jina la mtoto wao wa kwanza. Mwanamke akageuka. Alikuwa mtu mwingine kabisa, ana kovu shavuni, mdogo kuliko mke wa fundi. Lakini alimwangalia fundi kama mtu anayemfahamu, akamwambia, "Mbona umechelewa?"

Fundi alisimama. Nilidhani atageuka turudi. Badala yake akavuta ndoo nyingine, akakaa karibu yake. "Foleni," alimjibu. Akaagiza chai mbili, moja akampa yeye. Wakanywa. Hawakuongea jambo jingine. Tulipoondoka aliwaomba wale wakaanga samaki wamwangalie mpaka watu wake wapatikane, nami nikaandika tangazo lake pia. Watu wake walipatikana baada ya wiki moja. Nilimpelekea fundi habari hiyo chini barazani, akasema, "Alhamdulillahi," akaendelea kushona, na mguu wake kwenye cherehani ulikuwa unakosa mapigo.

Matangazo yale ndiyo yaliyotukuza. Watu waliyatumiana kwenye simu, na waliokuja kwa ajili ya aliyepotea walibaki kusoma mengine. Mwaka wa pili bosi alileta mtu wa matangazo ya biashara, dada mmoja mwerevu sana, mcheshi, aliyevaa vizuri na kujua majina ya watoto wa kila mtu. Nasema hivi kwa sababu nimewahi kusimulia kisa hiki nikamfanya yeye ndiye shetani, na hakuwa. Alitupa mishahara inayofika kwa wakati. Alileta kompyuta mpya na viyoyozi. Ukurasa wa habari ukatolewa chini ukapandishwa juu kabisa ya tovuti, na mimi nikaitwa mhariri.

Siku ya kwanza ya uhariri wangu tulikula biriani ofisini. Sikujua kwamba siku hiyo ndiyo niliyoacha kwenda kuona vitu. Dada alituonyesha kwenye kioo cha kompyuta ni habari zipi zinabofywa: wasanii waliogombana, ndoa zilizovunjika, mchungaji aliyeonekana mahali asipotakiwa kuonekana. Habari ya kwenda kuiona ilichukua nusu siku. Habari ya kuchukua kwa mwenzako, ukabadilisha maneno mawili matatu na kuitia kichwa cha kushtua, ilichukua dakika kumi. Nilikuwa na kipaji cha vichwa vya habari. "Hutaamini alichofanya," "Picha zavuja," niliandika hayo mimi, kwa vidole hivi, na namba zilipopanda nilifurahi kama wengine. Bosi alikuwa ananiuliza mara mojamoja, "Huyu umempigia?" Nikawa namjibu, "Kila mtu kashaandika, bosi." Baada ya muda akaacha kuuliza.

Siku moja tuliitwa kikaoni, na bosi alikaa kwenye kiti cha pembeni, si cha kwake. Dada wa matangazo ndiye aliyeongea.

"Mteja wa sabuni amelalamika. Tangazo lake linakaa pembeni ya watu waliopotea. Hataki, na mimi namwelewa. Mtu anatafuta sabuni, anakutana na huzuni."

"Hao waliopotea ndio waliotuleta hapa," nilisema.

"Najua, mdogo wangu. Tutawatengenezea ukurasa wao. Mzuri, wenye heshima. Lakini sio huku mbele."

Nilimwangalia bosi. Alikuwa anazungusha kalamu. "Utatengenezwa," alisema. "Kwa sasa tuhifadhi yote, yasipotee."

Mwezi uliofuata tovuti ikahamishiwa kwenye mfumo mpya. Makala za mishono zilihamishwa, wasanii walihamishwa. Matangazo ya waliopotea hayakuhamishwa, yalikuwa yanasubiri ukurasa wao. Mimi nilikuwa nimehifadhi nakala zake kwenye kompyuta yangu, kama nilivyoagizwa. Ukurasa ule haukutengenezwa. Nilikumbusha mara mbili, labda tatu. Mara ya nne sikukumbusha.

Sasa, fundi alikuwa na kawaida yake. Kila Ijumaa akitoka kuswali, akiwa bado na kanzu, alikuwa anapanda kuja kumwona mke wake. Hakuwa na simu ya kufungulia mtandao, kwa hiyo alikuwa anakuja kwangu. Anavua ndala, anasimama nyuma ya kiti changu.

"Yupo?"

"Yupo, mzee."

Namfungulia. Anavaa miwani yake iliyofungwa uzi wa cherehani, anasoma tangazo lote tangu juu hadi chini, midomo inacheza. Akimaliza anasema, "Haya, Mungu awalipe," anashuka.

Ijumaa ya kwanza baada ya kuhama kwa tovuti, nilisikia hatua zake kwenye ngazi na sikuwa nimefikiria la kumwambia. Alifika, akavua ndala.

"Yupo?"

Nikafungua nakala iliyokuwa kwenye kompyuta yangu. Ilikuwa vile vile, picha ile, maneno yale, rangi zile za zamani. "Yupo," nilisema.

"Na watu wanamwona?"

"Wanamwona."

Nilijiambia ni Ijumaa ile tu. Wiki ijayo nitamweleza, au ukurasa utakuwa umeshatengenezwa. Wiki iliyofuata alikuja na gauni langu nililompa alipunguze, amelinyoosha kwa pasi, hataki malipo. Ningemwambiaje siku ile? Ikapita nyingine, na nyingine.

Chini ya lile tangazo palikuwa na namba ndogo iliyoonyesha limesomwa mara ngapi. Kwenye nakala yangu ile namba ilikuwa imekufa. Sikulifikiria jambo hilo, lakini mtu anayehesabu vifungo hawezi kukosa kuliona. Ijumaa moja aliinama karibu na kioo.

"Hii namba mbona ndiyo ile ile ya wiki iliyopita?"

"Mashine ilikuwa mbovu, mzee. Wanaitengeneza."

"Ahaa." Akanyooka, akafuta miwani. "Maana nilitaka kushangaa. Mji mzima huu, asimwone hata mtu mmoja?"

Tangu siku hiyo, kila Alhamisi kabla ya kufunga kompyuta, niliibadilisha ile namba kwa mkono. Niliiongeza kidogo kidogo, ili isitie shaka. Wiki nyingine nilijisikia kuwa mkarimu nikaiongeza zaidi, na Ijumaa fundi aliiona akafurahi, akaniambia kwamba huenda wiki hii akapatikana. Nimefanya makosa mengine maishani mwangu, na baadhi ni makubwa kuliko hili mbele ya watu. Hili ndilo linaloniamsha usiku.

Ilichukua karibu mwaka. Halafu bosi akatutangazia kwamba jarida linahama. Dada amepata jengo jipya mbali na katikati ya mji, lina maegesho na chumba cha kurekodia video, maana watu hawasomi tena, wanatazama. Tulikuwa na wiki mbili za kufungasha.

Nilishuka barazani siku ya Jumatano, mchana, wakati wateja wamepungua. Nilikaa kwenye kile kistuli. Hakuna mtu aliyekuwa anakikalia, hata wateja, na nilipokaa tu nikatambua nimekosea, lakini ningeinukaje?

"Fundi, tunahama."

"Nimesikia dukani. Mnaenda mbali?"

"Mbali kidogo." Nikamsubiri amalize mshono. "Fundi, kuna jambo. Tangazo la mama. Halipo."

"Limetoka leo?"

"Halipo tangu mwaka jana. Lilitolewa wakati tovuti inabadilishwa. Lile ninalokuonyesha liko kwenye kompyuta yangu tu."

Aliondoa mguu kwenye cherehani. Gurudumu likazunguka lenyewe kidogo, likasimama.

"Kwenye kompyuta yako tu," alisema.

"Ndiyo."

"Kwa hiyo anayemwona ni nani?"

Niliendelea kuliangalia lile gurudumu.

"Nakuuliza, mwanangu. Mwaka mzima, nani alikuwa anamwona?"

"Wewe, fundi. Wewe na mimi."

Nilitegemea atanitukana, na nilitamani anitukane. Alichukua mkasi, akauweka. Akachukua kipande cha kitambaa, akakikunja, akakikunjua.

"Binti yangu aliniambia," alisema. "Tangu Ramadhani. Alinipigia akasema, baba, nikifungua simuoni mama, naona wasanii. Nikamwambia simu yako mbovu. Nikamgombeza. Nikamwambia mimi namwona kila Ijumaa kwa macho yangu."

"Nisamehe, fundi."

"Na namba?"

"Mimi ndiye niliyekuwa nabadilisha."

Hapo ndipo aliponitazama. Yule mzee alikuwa na macho mekundu daima, ya kushona kwenye mwanga hafifu, na sikuweza kujua kama analia au ni yale yale.

"Unajua kwa nini nimeacha kutembea?" aliniuliza. "Mwaka ule wa kwanza nilikuwa natembea. Jumapili Buguruni, Jumatatu Tandika. Nilikuwa nauliza nyumba kwa nyumba. Halafu magoti yakaanza kuuma, nikasema, basi, fundi, tulia, tangazo linatembea badala yako. Linaingia mpaka ndani kwa watu. Nikatulia, mwanangu. Nikakaa hapa nikashona suruali."

Nilisema maneno mengi baada ya hapo. Nilimwambia kuhusu mteja wa sabuni, kuhusu ukurasa ulioahidiwa, kuhusu nia yangu. Alisikiliza yote kwa adabu, mpaka nikaona aibu nikanyamaza. Mwishoni alisema, "Umefanya vizuri kuniambia kabla hamjaondoka." Akaweka mguu kwenye cherehani akaendelea na kazi. Nilibaki pale kama mtu anayesubiri chenji.

Siku iliyofuata nilichapa lile tangazo kwenye karatasi, nakala nyingi kadiri printa ilivyoweza kabla ya wino kuisha, nikampelekea. Nilikuwa nimenunua na gundi.

"Nitakwenda na wewe kubandika," nilimwambia. "Jumamosi na Jumapili nina nafasi."

Alizipokea kwa mikono miwili. Alisoma ile ya juu, akapitisha kidole kwenye picha, kama mtu anayepima kitambaa. "Karatasi nzuri," alisema. "Lakini nitakwenda mwenyewe."

"Magoti yako, fundi."

"Nitakwenda mwenyewe, binti."

Siku zote alikuwa ananiita mwanangu.

Tulihama. Kwa miezi kadhaa, nikipita Ilala au Feri, niliziona zile karatasi kwenye nguzo za umeme na kwenye kuta za vyoo vya sokoni, zimebandikwa kwa usawa, kona nne zimeshikwa vizuri, kazi ya mtu anayejua kunyoosha kitu. Mvua za masika zikaja zikazimaliza. Siku moja nilikwenda Mchafukoge kwa makusudi, nikakuta barazani amekaa mtu anayeuza makava ya simu. Mzee wa dukani, baba yake bosi, aliniambia fundi ameuza cherehani akarudi kwao Lindi. Siku za mwisho kabla hajapotea, mama alikuwa anakitaja sana kijiji alichozaliwa, na fundi alikuwa ameingiwa na wazo kwamba labda aliianza safari ya kwenda huko. Alisema atashuka kila kituo cha basi njiani aulize. Mzee wa dukani alisimulia hayo huku anapima kitenge cha mteja, kisha akanitazama. "Alikuwa anakuja kusoma huko kwenu juu, sivyo?" Nikasema ndiyo.

Jarida halikudumu sana huko tulikohamia. Habari ziliacha kuandikwa zikawa video za dakika moja, na mimi nikawa naandika maneno ya chini ya picha. Video nazo watu wakazitazama kwingine. Dada wa matangazo alipata kazi kubwa, akatuaga kwa keki. Bosi alirudi dukani baba yake alipougua, na nasikia ni muuzaji mzuri wa vitambaa. Ukurasa wa habari, ule ulioanza na bomba la maji, ulibaki hewani muda bila mtu wa kuugusa, habari ya juu kabisa ikiwa ya msanii aliyekanusha kitu ambacho watu walishakisahau. Halafu siku moja niliufungua nikakuta weupe mtupu. Hakuna aliyetangaza kwamba umefungwa. Nilisubiri nione kama mtu hata mmoja atanipigia kuuliza umekwenda wapi. Hakuna aliyepiga.

Sasa naandikia kampuni inayouza bidhaa mtandaoni. Naeleza masufuria na mapazia. Ni kazi safi, haimuumizi mtu.

Mwaka jana, mchana, simu yangu iliita kwa namba nisiyoijua. Nilipokea, nikasikia upepo, kuku, kisha sauti.

"Ni mimi fundi."

Nilisimama. "Shikamoo, baba."

"Marahaba. Hujambo?"

"Sijambo. Umempata?"

"Hapana." Alikohoa. "Hapa Lindi hatujampata. Nilishuka vituo vyote. Kilwa, sehemu zote hizo." Upepo ukavuma kwenye simu. "Jana tumemsomea hitima. Watoto wamesema baba, imetosha, tumsomee. Mashehe nao wakasema inafaa. Basi tumesoma. Watu walikuja wengi."

"Mungu amrehemu."

"Amina. Mimi sijui kama nimeitikia. Nilikaa tu." Kuku wakapiga kelele, akawafukuza. "Nimekupigia kwa sababu namba yako ndiyo iliyokuwa kwenye tangazo. Nikasema huenda wapo watu Dar bado wanamtafuta, waliosoma zamani. Sipendi mtu aendelee kuhangaika. Uwaandikie kwamba tumeshasoma hitima, waache."

Nilitaka kusema nitaandika. Neno lilikuwa limeshafika mdomoni.

"Fundi, hakuna tena pa kuandika. Ule ukurasa ulifungwa."

"Ulifungwa?"

"Kabisa. Umefutwa."

Nilisikia mtu anamwita ndani kula.

"Basi," alisema. "Kama kuna atakayekupigia, mwambie wewe."

Nilimwambia nitamwambia. Aliniuliza kama nimeolewa, nikamjibu bado. Akasema mvua huko zimekuwa chache mwaka huu na mikorosho haikutoa maua vizuri. Akaniaga. Namba ile niliihifadhi, na baada ya wiki mbili nilipiga kumjulia hali, akapokea binti yake, akasema baba amelala, akaniuliza mimi ni nani. Nikamwambia nilikuwa jirani yake Mchafukoge.

Laini ile ya kwenye tangazo ninayo bado, naiwekea vocha kila mwezi isije ikafungwa. Hajapiga mtu.